Wale mamwinyi wa Zuu wanaokula siku tano

Shangazi Rehema: Zuu nimesoma hadithi yako ya jana mpaka simu ikanizimikia mkononi. Hao mamwinyi wa Kibunzi siwapendi kabisa. Hongera

Zuu: 😂😂 asante shangazi si ndio maana nikawaandika

Kevo: mi nko kwa jemu ya Jogoo Road nmemaliza yote na hatujafika hata Makadara. pale yaya anakata mtoto kucha jioni vizuri alafu akiamka asubuhi anazipata ndefu tena zimeingia uchafu, aki niliangalia zangu

Tina: sijasoma mtu anieleze kwa kifupi, mtoto analia huku

Kevo: Kibunzi ni kisiwa cha kubuni usitafute kwa ramani. kuna ukoo wa mamwinyi wako na siwa, ile baragumu ya wafalme, ya pembe ya ndovu, kila mwisho wa mwaka wanaipuliza mji mzima unalala, watu wakiamka wanadhani ni kesho yake kumbe siku tano zimeenda na ni mamwinyi wamezichukua

Tina: wamezichukua wakapeleka wapi sasa

Mjomba Saidi: Assalaam aleykum jamaa. Nimefurahi mtoto ametumia mwaka wa Nairuzi maana nyinyi wa Nairobi hamuujui. Ule ni mwaka wa jua, siku 365, mabaharia ndio walioushika ili wajue pepo ya kaskazi yaingia lini na ya kusi yaingia lini, manake mwaka wa mwezi ni mfupi kwa siku kama kumi na moja na pepo hazifuati mwezi. Wahesabiwa kwa miongo, kila mwongo siku kumi, miongo 36, hapo una siku 360, zabaki tano nje hazina mwongo. Hizo ndizo Zuu kawapa wezi wake. Makunduchi kule Unguja mpaka leo kila Julai wana Mwaka Kogwa, sherehe ya mwaka huo, wanapigana kwa vigogo vya migomba na kuchoma kibanda. Na siwa si uongo, ya Pate ni ya pembe, ya Lamu ni ya shaba, na haikupulizwa na mtu yeyote tu

Zuu: mjomba wewe ndo ulinihadithia hiyo ya siku tano nikiwa darasa la sita nimekaa nayo tu

Kevo: swali. wanapuliza saa sita usiku?

Mjomba Saidi: Saa sita ya nini. Siku yetu yabadilika magharibi jua likizama

Zuu: magharibi, iko hapo pengine ulikuwa unalipa konda 😂

Tina: mi bado nauliza zimeenda wapi. siku tano kwa mwaka ni nini kwani, hata likizo ya kazini inashinda hiyo. huo uchawi ni wa bei rahisi

Kevo: ngoja nitoe kalkuleta

Kevo: tano mara 73 ni 365. yaani ukiishi miaka 73 wamekuibia mwaka mmoja tu

Tina: si ndio nasema. mwinyi mzima na kilemba na jambia alafu faida yake ni mwaka mmoja

Shangazi Rehema: Nyinyi mnahesabu vibaya mnahesabu mtu mmoja. Mji una watu wangapi Zuu

Zuu: sijaandika lakini tuseme elfu mbili

Shangazi Rehema: Haya. Elfu mbili kila mtu tano. Hizo ni siku elfu kumi kila mwaka zinaingia nyumba moja. Kevo gawanya

Kevo: 😳 miaka 27 na kitu

Kevo: kila mwaka moja wanavuna miaka 27??

Shangazi Rehema: Basi ndio maana hawazeeki na dhow zao zinatoka bandarini zimeshatengenezwa kabla mwenye deni hajabisha hodi. Na mwananchi halalamiki kwa sababu yeye ameibiwa siku tano tu nani atapeleka kesi ya siku tano. Huyu landilodi wangu wa Komarock anaongeza mia moja kwa bili ya maji kila mwezi ploti nzima na hakuna mtu ashawahi kumuuliza, na amejenga ghorofa ya nne 😏

Tina: shangazi 😂😂😂 okei nimeshika sasa. hiyo inatisha kuliko wangeiba mwaka wote mara moja

Zuu: manze shangazi mimi nilikuwa nimewapa siku tano zao wenyewe tu kama zawadi ya mizimu, hii yako ni kali, naichukua. lakini sasa imenifunga, kama wana miaka 27 kila mwaka nani atawaweza, yaya hana hata ndala

Mjomba Saidi: Tazama hesabu yao yenyewe utaona tundu. Mwaka wa jua si siku 365 kamili, una robo siku zaidi. Nairuzi haina siku ya kuongeza kama hii Februari 29 yenu, kwa hiyo kila miaka minne yasogea siku nzima, nahodha mzuri alijua na akarekebisha kichwani. Hiyo robo haimo katika miongo wala katika zile tano. Katika mwaka wenyewe haikuhesabiwa

Zuu: subiri

Zuu: SUBIRI

Zuu: siwa inakula kilichohesabiwa peke yake. so robo inabaki kila mwaka, ikifika mwaka wa nne ni siku moja nzima, magharibi mpaka magharibi, na hiyo siwa ikipulizwa inatoa upepo tu. yaya anaamka yuko macho, mamwinyi ndio wamelala kwa mara ya kwanza kwa sababu wao wanaishi kwa siku za watu na hii si ya mtu

Kevo: nmepitisha steji 🤦🏾‍♂️ nashukia mbele

Tina: na ana masaa 24 peke yake ya kufanya nini, kuvunja siwa?

Zuu: akiivunja siku zote zimepotea. lazima azirudishe kwa wenyewe mmoja mmoja na masaa 24 haitoshi watu elfu mbili, atachagua nani aanze

Mjomba Saidi: Aanze na wazee

Tina: watoto!! mjomba jamani

Shangazi Rehema: Aanze na yeye mwenyewe amechoka. Na Zuu sikia, huyo yaya asije akaolewa na mtoto wa mwinyi sehemu ya pili, nikiona harusi hapo natoka kwa hii grupu