Tupeane uzoefu: ukurasa wa somo la Jamii uliomwinua mtoto, au uliomwinamisha

Mwalimu wa Nyalenda (Kisumu)

Hamjambo walimu na wazazi wenzangu. Nafundisha gredi ya nne hapa Kisumu. Muhula uliopita niliwaambia watoto wachore familia zao. Nikawatolea mfano ubaoni: nyumba, na mbele yake baba, mama na watoto wawili. Wakainama, penseli zikaanza kukwaruza. Kijana mmoja hakuchora. Nilipofika kwenye dawati lake alikuwa ameifunika karatasi kwa mkono, na chini ya mkono hapakuwa na kitu. Nikamuuliza kulikoni. Akasema, "Ticha, kwetu tuko mimi na dani tu. Hiyo si familia." Dani ni nyanya kwa Kijaluo.

Neno hilo lilinichoma. Hakuna aliyemwambia hivyo kwa mdomo. Niliyemfundisha ni mimi, kwa chaki yangu.

Huku kwetu watoto wanaolelewa na nyanya si wachache. Ukimwi ulipita kwenye maboma mengi ukachukua kizazi cha katikati, na kazi za mbali zikachukua wengine. Kinachoniuma zaidi ni kwamba Mjaluo wa zamani hangeshangaa hata kidogo kumwona mtoto akilala kwa nyanya. Siwindhe, nyumba ya bibi mzee, ndiyo iliyokuwa darasa lenyewe. Watoto walilala humo wakasimuliwa ndugu zao ni akina nani, ukoo ulitoka wapi, nani hawezi kuoana na nani. Hayo ndiyo Masomo ya Jamii, kabla hatujayapa jina hilo.

Kesho yake niliufuta mfano wangu. Nikawaambia: chora watu mnaolala nao chini ya paa moja, kisha uandike kila mmoja anakufanyia nini, na wewe unamfanyia nini. Yule kijana akamchora dani wake mkubwa kuliko nyumba. Chini akaandika, "Dani ananiamsha. Mimi namchotea maji." Tukazishona karatasi zote kwa sindano ya gunia, tukaweka jalada la manila, tukakipeleka kwenye kona ya kusomea. Hakuna kitabu kinachochakaa haraka kama hicho darasani mwangu.

Sasa naomba tupeane uzoefu. Ni kitabu gani, ukurasa gani, au zoezi gani la Jamii lililomfanya mtoto wako ainue kichwa? Na kama lilimwinamisha, tuambieni pia. Tusitaje majina ya watoto wala ya shule, tafadhali.

Baba wa Wawili (Nakuru)

Asante ticha. Mimi si mwalimu, ni fundi wa magari. Mimi ni Mkikuyu, mke wangu ni Mjaluo, tunaishi Nakuru miaka yote.

Binti yangu alileta nyumbani zoezi la makundi ya lugha: Wabantu, Waniloti, Wakushi. Mwishoni kulikuwa na mstari mmoja, "Andika jamii yenu na kundi lake." Alikaa nalo mezani mpaka chai ikapoa. Kisha akaniuliza, "Baba, mimi ni Mbantu ama Mniloti?"

Nilikasirika kuliko zoezi lenyewe lilivyostahili, na najua sababu. Januari 2008, wakati wa ghasia za baada ya uchaguzi, nilikuwa kijana hapa hapa Nakuru. Swali la "wewe ni wa wapi" liliulizwa barabarani na watu wenye mapanga, na jibu lingeweza kukuua. Binti yangu alikuwa hajazaliwa. Kwake lile lilikuwa swali la kazi ya nyumbani tu, na hivyo ndivyo linavyopaswa kuwa.

Nilikwenda shuleni nikiwa nimejiandaa kugombana. Mwalimu akanisikiliza mpaka mwisho. Halafu akachukua rula, akachora mstari wa pili chini ya ule wa kwanza, akasema, "Aandike yote mawili." Kipindi kilichofuata alimwomba binti yangu asimame awasalimu wenzake kwa lugha ya shosho wa huku, kisha kwa lugha ya nyanya wa kule. Alipomaliza, watoto watatu wengine wakanyosha mikono: hata sisi wazazi wetu ni wa kabila mbili. Wamekuwa darasa moja muda wote huo na hawakuwa wakijuana.

Ombi langu kwa wanaoandika vitabu ni hilo tu. Wekeni mstari wa pili.

Mwalimu Mstaafu (Kakamega)

Wanangu, nawasoma kwa makini. Nimefundisha tangu kabla ya mfumo wa elimu wa 8-4-4 kuanza mwaka 1985, ambamo wengi wenu somo hili mlilijua kama GHC, yaani Jiografia, Historia na Uraia. Nina jambo la kukiri hapa.

Shuleni kwetu kulikuwa na kibao cha mbao chenye kamba, tukikiita diski. Mtoto akisikika anaongea Kiluhya, anavishwa shingoni, naye anamvizia mwenzake akosee ampe. Jioni aliyebaki nacho alichapwa. Mimi ndiye niliyekuwa nikikitoa kabatini asubuhi. Nilidhani nawasaidia wapite mtihani. Kulikuwa na kijana mmoja mwenye maneno, anayejua kusimulia kuliko sisi walimu. Akavishwa diski siku tatu mfululizo. Baada ya hapo hakunyosha mkono tena muhula mzima, wala kwa hesabu, wala kwa Kiingereza chenyewe ambacho eti tulikuwa tukimfundisha.

Ripoti ya elimu ya Gachathi ya mwaka 1976 ilikuwa imekwisha kupendekeza kwamba madarasa ya chini yafundishwe kwa lugha inayotumika pale shule ilipo. Pendekezo lilikuwepo na diski ikawepo. Leo mtaala wa umilisi unasema hivyo hivyo kwa watoto wa chekechea hadi gredi ya tatu, nami nawaomba ninyi vijana mlitekeleze mkiwa bado mna nguvu.

Kilichonibadilisha ni safari moja fupi. Tuliwapeleka watoto Ilesi kuliona lile jiwe linalotoa machozi, kando ya barabara ya Kisumu. Nikaanza kueleza kwa Kiingereza nilichokiandaa. Nikakwama. Yule kijana akaja mbele, akaanza kuisimulia hadithi ya jiwe kwa lugha ya kukhu yake, yaani nyanya yake. Sikumkatiza. Wenzake walisimama kimya mpaka akamaliza, wakamwomba arudie. Tuliporudi nilikichukua kile kibao nikakitia jikoni kwa mpishi. Kijana huyo sasa ni mtu mzima na tukikutana sokoni ananiamkia kwa heshima. Sijawahi kumwomba msamaha kwa maneno. Baada ya kuandika hapa nadhani nitamtafuta.

Mama Magongo

Shikamoo mwalimu mstaafu. Mtafute kweli.

Mimi langu ni fupi. Mwanangu anatembea kwa magongo. Katika vitabu vya Jamii watoto kama yeye wapo siku hizi, nashukuru. Lakini kila wanapochorwa wanasukumwa, wanavushwa barabara, wanabebewa mkoba. Mwanangu ndiye anayewafundisha wadogo zake kusoma, na ndiye anayejua kupika ugali usio na mabonge hapa nyumbani. Siku moja aliniuliza, "Mama, kwenye kitabu sisi ni wa kusaidiwa pekee?" Natafuta hadithi ambayo mtoto mwenye magongo ni kiranja, au ni mkorofi, au anapotea porini na kurudi. Mwenye kuijua aniambie.

Baba Hesabu (Bungoma)

Kwa heshima zote, naona tunawadekeza watoto. Sisi tulikua bila vitabu vya kujithamini na tuko sawa. Mtoto akijua hesabu atajiamini mwenyewe. Ukimsifu kila saa atadhani dunia inamdai. Na Jamii yenyewe kwenye mtihani wa gredi ya sita haina hata karatasi yake peke yake, imewekwa pamoja na Sanaa.

Mkufunzi wa Walimu (Vihiga)

Baba Hesabu, ndugu yangu, sehemu ya neno lako ina ushahidi mkubwa kuliko unavyofikiri. Jimbo la California kule Marekani liliunda jopo mwaka 1986 la kukuza kujithamini kwa raia, na shule nyingi zikajaa vitabu na mazoezi ya kumfanya mtoto ajione wa pekee. Mwaka 2003 Roy Baumeister na wenzake wakapitia tafiti zilizokuwepo. Hawakupata kwamba kumpandisha mtoto kujithamini kunampandishia alama. Waliona zaidi kinyume chake, kwamba kufanya vizuri ndiko kunakomfanya mtoto ajithamini. Kwa hiyo kumwambia mtoto "wewe ni nyota" asubuhi na jioni, hapo nakuunga mkono, ni kazi bure.

Lakini zisome tena hadithi za hapo juu. Nani alisifiwa? Kijana wa Ilesi hakupewa sifa yoyote, aliachiwa nafasi ya kueleza jambo alilolijua kuliko mwalimu. Binti wa Nakuru alichorewa mstari. Na tafiti hizo hazisemi kwamba kumfedhehesha mtoto hakumdhuru. Mtoto akifunzwa kwamba nyumba yao si familia, anafunika karatasi yake. Ukimpa hesabu ataifunika pia.

Profesa mmoja Mmarekani, Rudine Sims Bishop, aliandika mwaka 1990 kwamba vitabu vya watoto ni vioo na madirisha. Kwenye kioo mtoto anajiona mwenyewe, kwenye dirisha anawaona wengine. Mimi huwauliza wanafunzi wangu wa ualimu: kitabu hiki kwa mtoto wa kijijini Budalang'i ni kioo au dirisha? Na kwa mtoto wa Milimani, mtaa wa wenye nacho? Wengi hugundua kwamba kuna watoto wanaopewa madirisha matupu miaka yote, na wengine vioo vitupu, wasijue kwamba jirani yao anaishi vipi.

Somo lenyewe limepangwa kutoka karibu kwenda mbali. Paul Hanna aliusambaza mpangilio huo Marekani karne iliyopita: mtoto, nyumba, mtaa, jimbo, taifa. Kwetu, gredi ya nne ni kaunti, ya tano ni Kenya, ya sita ni Afrika Mashariki. Na waelimishaji wa Kiafrika walikutana Mombasa mwaka 1968 kuzungumza namna somo hili litakavyomfaa mtoto wa huku, mpaka ukaundwa mpango wa bara wa Masomo ya Jamii, ofisi yake Nairobi. Sasa fikirieni: ikiwa ngazi ya kwanza ni mtoto na nyumba yao, naye amejikwaa papo hapo, atapandaje hizo nyingine?

Mama Magongo, kitabu unachokitafuta nakitafuta nami. Mpaka kipatikane, mwombe mwanao akiandike. Nasema hivyo nikiwa na maana.

Muuza Vitabu (Nakuru)

Niongeze la upande wetu. Tangu mwaka 2018 serikali inapeleka vitabu vya kozi moja kwa moja shuleni, kwa hiyo dukani wazazi hufuata vitabu vya marudio. Mzazi akija peke yake ananunua maswali na majibu. Akija na mtoto, mtoto huenda moja kwa moja kwenye rafu ya hadithi na kuangalia picha za jaladani. Nimewaona wakigusa uso wa mtoto aliyechorwa kisha kugusa wao. Njooni na watoto, hata kama hamnunui siku hiyo.

Mama Magongo

Mkufunzi, ameanza. Ametaka daftari jipya, lile la zamani limebaki kurasa chache. Mhusika ni kiranja na ni mkorofi, vyote viwili.

Baba Hesabu (Bungoma)

Nimesoma yote. Habari ya diski imenigusa, maana nilivaa. Kijana wangu yuko gredi ya tatu. Nitamuuliza leo wamechora nini.

Mwalimu wa Nyalenda (Kisumu)

Asanteni sana. Mwalimu mstaafu, tujulishe ukimpata kijana wako.

Niwape habari za yule wangu. Wiki hii tulikuwa kwenye historia ya kaunti, nikawa naeleza kwamba reli ilifika hapa mwaka 1901, mji ukaitwa Port Florence. Kijana akanyosha mkono akasema dani wake anajua habari za reli. Nikamwita dani. Alikuja Alhamisi, amevaa kitambaa cha kanisani, akaketi kwenye kiti changu. Aliwasimulia walivyokuwa wakienda stesheni kuwapokea wajomba wanaotoka kazini Nairobi, na mambo waliyoletewa, na Nyalenda ilivyokuwa mashamba. Watoto walimuuliza maswali arobaini na moja, niliyahesabu. Mjukuu wake ndiye aliyekuwa akichagua nani aulize. Alipokuwa akiondoka alikiona kile kitabu cha manila, akakifungua, akajikuta ukurasani. Akauliza nani amemchora akiwa mkubwa kuliko nyumba.