Thelma Schoonmaker alikuwa wapi kati ya mwaka 1970 na 1980?

Swali
Habari za leo, wanajukwaa. Mimi huhariri vipindi vya televisheni na natamani kuhamia kwenye filamu. Thelma Schoonmaker aliteuliwa kuwania Oscar kwa kuhariri filamu ya Woodstock ya mwaka 1970, lakini jina lake halimo katika filamu kubwa ambazo mwongozaji Martin Scorsese alizitengeneza baadaye, hadi ilipotoka Raging Bull mwaka 1980 na kumpatia tuzo hiyo. Mhariri aliyekwisha kujulikana kiasi hicho alizuiwa na nini?

Jibu la 1
Ndugu muulizaji, alizuiwa na kadi ya uanachama. Studio kubwa za Marekani ziliajiri wahariri waliomo katika chama cha wafanyakazi, na ili kuingia humo ilimlazimu mtu kutumikia miaka kadhaa kama mwanagenzi, kisha msaidizi. Schoonmaker alikuwa amekwisha kuhariri hata filamu ndefu ya kwanza ya Scorsese, hivyo kumtaka aanze upya ilikuwa dhuluma. Tangu alipoipata kadi hiyo amehariri filamu zote za hadithi za Scorsese, na The Aviator (2004) na The Departed (2006) zilimwongezea Oscar mbili.

Jibu la 2
Dhuluma naikubali, ila ngazi ile ilifundisha. Msaidizi alioanisha sauti na picha, akatundika vipande vya mkanda wa filamu vilivyokatwa juu ya pipa lenye kitambaa ndani, na muda wote huo alimsikia mhariri akibishana na mwongozaji kuhusu onyesho moja. Tangu kazi ihamie kwenye kompyuta, msaidizi mara nyingi hupanga mafaili katika chumba kingine, tena usiku, na mabishano hayo yanampita. Ukipata nafasi, omba kukaa ndani mwongozaji anapokuja.

Jibu la 3
Niongeze la ufundi. Watu husifu Raging Bull kwa ndondi zake, lakini mapigano yale Scorsese alikuwa ameyapanga mapema, pigo kwa pigo. Kilichodai zaidi mkono wa mhariri ni mazungumzo ambayo waigizaji Robert De Niro na Joe Pesci waliyabuni papo hapo, kwa kuwa onyesho likirudiwa maneno hubadilika, na swali la mmoja huenda lisipate jibu lake katika picha za mwenzake. Hapo ndipo mhariri huamua abaki na uso wa nani na kwa muda gani. Chukua mahojiano uliyokwisha kuyahariri, uyakate upya ukifuata uso wa anayesikiliza badala ya anayesema, kisha umwoneshe mwongozaji yeyote wa filamu fupi unayemfahamu.