Baba amefariki, kesi imeahirishwa, mdaiwa anajenga

Wakuu, nina hasira, mtanivumilia.

Marehemu baba alifungua shauri la madai kuhusu kiwanja. Mashahidi wake walishamaliza, akabaki mwenyewe kujibu maswali ya dodoso ya wakili wa upande wa pili. Hakufika siku hiyo. Tukapeleka cheti cha kifo, hakimu akatupa pole, akaandika kwenye jalada, akaahirisha. Huu ni mwezi wa 18.

Naelewa kwamba maiti hawezi kuwa mdai. Hukumu ikitolewa kwa jina la mtu aliyekwisha kuzikwa, utamkabidhi nani? Lazima apatikane wa kusimama mahali pake, na huyo si mtoto yeyote anayejitokeza na kitambulisho, ni msimamizi wa mirathi aliyeteuliwa na mahakama. Hapo sina ugomvi.

Ugomvi wangu ni huu: mahakama ya madai inakuhesabia siku, ile ya mirathi haihesabu chochote. Msimamizi asipoomba kuunganishwa kwenye kesi badala ya marehemu ndani ya muda, kesi inakoma. Tanzania muda huo ni siku 90, Kenya angalau wanakupa mwaka 1. Mahakama za shirikisho za Marekani nazo zina siku 90, ila kule zinaanza kuhesabiwa baada ya taarifa rasmi ya kifo kuwasilishwa, si tangu mtu akate roho. Sisi tuliangukia kwenye 90 za tangu kukata roho.

Sasa niambieni, barua za usimamizi, yaani hati ya mahakama inayokuteua kuwa msimamizi, zinapatikanaje ndani ya siku 90? Kuna ndugu kukubaliana nani asimamie, kuna fomu, kuna tangazo ili mwenye pingamizi ajitokeze. Na kwetu alijitokeza! Ndugu yetu mmoja akapinga kwa sababu ya gari la marehemu ambalo limekaa juu ya mawe, halijawaka tangu nikiwa mwanafunzi. Kiwanja hata hakukigusa. Lakini pingamizi ni pingamizi, lazima lisikilizwe. Barua nikazipata mwezi wa 7 tangu kifo.

Nikakimbia nazo mahakamani na ombi la kuongezewa muda. Wakili wa mdaiwa akasimama bila aibu: eti sikueleza kila siku moja ya kuchelewa. Nieleze nini, kwamba siku ya 3 nilikuwa makaburini? Barua zenyewe zilikuwa zinatoka mahakamani, si kwangu! Kabla uamuzi haujasomwa, hakimu akahamishwa. Aliyekuja anasema hajalisoma jalada. Nilipokwenda masjala kuulizia, karani akanijibu, "Mwenye kesi aje mwenyewe." Nilimtazama tu.

Wakati huo wote mdaiwa anajenga. Amefika kwenye linta. Ombi la zuio la kumsimamisha asijenge halisikilizwi, maana mwombaji ni marehemu na mimi bado sijaunganishwa. Yaani kifo cha baba kimewazuia watu wote isipokuwa yule aliyeshitakiwa. Na sasa wameanza kunong'ona kwamba ushahidi wa mzee ufutwe kwa kuwa hakumaliza dodoso.

Wakili wetu anasema tushukuru haikuwa kesi ya kashfa, kwa sababu hiyo hufa na mwenyewe. Hata Uingereza, sheria ya 1934 iliyoruhusu madai mengi yaendelee baada ya kifo iliiacha kashfa nje. Haya, nimeshukuru.

Kwa wale mliofiwa na mdaiwa badala ya mdai, najua yenu ni mabaya zaidi: nyie ndio mnaowasaka warithi wake, nao hawana haraka hata kidogo ya kuomba usimamizi.

Naomba msaada kwa aliyepitia: muda wa kusubiri barua za usimamizi uliwahi kukubaliwa kuwa sababu ya kutosha? Uliambatanisha nini kwenye kiapo, mwenendo wote wa shauri la mirathi au barua peke yake?

Wiki ijayo tunarudi. Si kusikilizwa. Kutajwa.