Huyu wa "saini hapa, utasoma baadaye" atakoma lini?

KibaoKata:
Wakuu, msinitulize. Mnamjua wenyewe, yule askari mpelelezi wa "njoo mara moja, dakika tano tu". Dakika zake tano mtu anaota ndevu kwenye benchi! Leo asubuhi kamwita kwa simu mama wa watu, muuza mitumba, hata hakumwambia anaitwa kama shahidi au mtuhumiwa. Kajaza kurasa nne kwa mwandiko wa kuku aliyekanyaga wino, halafu anamsogezea kalamu: "Saini hapa, utasoma baadaye."

UTASOMA BAADAYE! Baadaye ipi, kizimbani?

Kifungu cha 10 cha Sheria ya Mwenendo wa Makosa ya Jinai ya Tanzania (namba za vifungu ni za toleo la 2019) kinataka wito wa maandishi. Na shahidi lazima asomewe au aonyeshwe maelezo yake, aruhusiwe kufafanua na kuongeza. Mama kasema "niliuona mzigo". Karatasi inasema "niliupokea mzigo". Herufi chache tu, shahidi kageuka mpokea mali ya wizi! Halafu eti baadaye!

Mwanamtama:
Hasira zote hizi utadhani umesaini wewe. Si angekataa tu kwenda, aombe karatasi ya wito?

KibaoKata:
Akatae vipi na simu yake imeshafungiwa kwenye droo? Kalamu ndiyo iliyobaki mezani.

Jiwe la Msingi:
Hapo kwenye droo ndipo penyewe. Kifungu cha 5: ukiwa na askari kwa ajili ya upelelezi, na ukitaka kuondoka hatakuachia, tayari uko chini ya kizuizi, hata kama hakuna aliyetamka "umekamatwa". Masaa 4 ya mahojiano ya kifungu cha 50 yanaanza kuhesabika hapo hapo. Yakiisha, anayesimamia upelelezi anaweza kuongeza yasiyozidi 8, na lazima akujulishe. Muda wa kusafirishwa au wa kumsubiri wakili hauhesabiwi. Kwa hiyo shika saa uliyoingia, na mtu wa nyumbani naye aishike.

Tandu:
Umesahau cha 53. Kabla ya swali la kwanza mtuhumiwa anatajiwa jina na cheo cha anayemhoji, anaambiwa kosa, anaonywa kwamba halazimiki kujibu, na kwamba anaweza kuwasiliana na wakili, ndugu au rafiki. Huyu wenu anaanza na "mzigo umeficha wapi". Na Mahakama ya Rufani imeshafuta maelezo ya onyo, yale ya mtuhumiwa aliyeonywa, yaliyochukuliwa nje ya muda.

Jiwe la Msingi:
Usiwape watu moyo wa bure. Hayafutiki yenyewe. Kifungu cha 169 kinaiachia mahakama ipime ukiukwaji ulikuwa mzito kiasi gani. Na pingamizi linatolewa kabla maelezo hayajapokelewa mahakamani kuwa kielelezo, yaani ushahidi. Ukinyamaza, yameingia hayo.

KibaoKata:
Nimewaelewa, lakini UTASOMA BAADAYE jamani?

Bi Mkasi:
Punguza kelele, watu wajifunze. Soma mstari kwa mstari, usiyejua kusoma omba usomewe. Neno lililokosewa likatwe kwa mstari mmoja, lionekane, na usaini pembeni yake. Saini kila ukurasa. Nafasi tupu chini ya sentensi ya mwisho piga mstari mpaka chini, maana pale ndipo sentensi usizozisema huota usiku.

Mwanamtama:
Mnagombea kalamu tu. Dhamana je? Ukutani bango limeandikwa "dhamana ni bure", chini ya bango hilo hilo unaulizwa hela ya mafuta ya gari.

Tandu:
Na barua ya mdhamini! Mwenyekiti wa mtaa muhuri anauuza kama kitumbua.

Bi Mkasi:
Huko kwenu bei gani?

Tandu:
Elfu tano, karatasi uje nayo mwenyewe.

Mwanamtama:
Bora nyie. Wa huku ni elfu kumi, na muhuri anatembea nao mfukoni. Mpaka umfuate kwenye bao.