Taasisi ya serikali imenikata mrabaha wa kokoto kwenye cheti cha malipo. Naweza kupinga?

Daraja la Saba
Habari za jioni wakuu. Nina kakampuni ka ujenzi hapa Mbeya, daraja la saba kwa CRB (Bodi ya Usajili wa Makandarasi). Tumejenga makalvati na kumwaga moramu (udongo wa changarawe) kwenye barabara ya taasisi moja ya serikali, jina naliacha. Cheti kilikuwa milioni 84. Hela imeingia pungufu: mbali na kodi ya zuio ambayo naijua, kuna mstari umeandikwa "mrabaha madini ujenzi 3%", yaani malipo ya serikali kwa madini yanayochimbwa, shilingi 2,520,000. Kokoto nilinunua kwenye kresha (mtambo wa kusaga mawe) njia ya Uyole, risiti za EFD, zile za mashine ya kodi, ninazo. Mchanga ulitoka Chimala. Mhasibu namuuliza, ananijibu "ni maelekezo". Hii imekaaje kisheria? Na nikiwashitaki, tenda nitapata tena kweli?

Kokoto Ngumu
Pole mkuu. Hesabu yenyewe ni kichekesho. 3% ya milioni 84 ndiyo hiyo 2,520,000, kwa hiyo umekatwa mrabaha hadi kwenye saruji, nondo na ujira wa vibarua! Mrabaha unatozwa kwenye thamani ghafi ya madini. Tangu lini kalvati likawa madini?

Wakili Mpole
Soma kifungu cha 87 cha Sheria ya Madini ya 2010. Anayedaiwa mrabaha ni mchimbaji aliyeidhinishwa, kwa madini aliyozalisha chini ya leseni yake, na madini ujenzi yako kwenye kundi la 3%. Mnunuzi hayumo. Kama mwenye kresha alishalipa, serikali imekula mara mbili kwa kokoto zilezile.
Ila kabla hujapandisha mori, pitia masharti maalumu ya mkataba. Kama kuna kipengele cha makato ulichosaini, mgogoro wako ni wa mkataba, unaanza kwa utaratibu wa usuluhishi uliomo humo. Na moramu mlitoa wapi?

Mnyalu wa Mafinga
Mnamzungusha bure. Katiba, Ibara ya 138: hakuna kodi bila sheria. Ashitaki.

Wakili Mpole
Ibara hiyo inasema kodi. Mrabaha ni kodi? India walivutana miaka na miaka, hadi tarehe 25 Julai 2024 Mahakama ya Juu yao, majaji 9, ikaamua kwa 8 dhidi ya 1 kwamba mrabaha si kodi, ni malipo anayotoa aliyepewa haki ya kuchimba kwa ajili ya haki hiyo. Haiwafungi majaji wetu, lakini hoja hiyo hata kwa mleta uzi ni tamu: yeye aliyenunua tripu za kokoto kapewa haki gani ya kuchimba?
Angalia muda pia. Ukitaka Mahakama Kuu ipitie uamuzi wa hiyo taasisi, kibali kinaombwa ndani ya miezi 6. Ukitaka kudai fedha kwa shauri la kawaida, notisi ya siku 90 inatangulia, nakala kwa Mwanasheria Mkuu wa Serikali. Barua za kubembelezana hazisimamishi hiyo miezi.

Mama Tofali
Kwa milioni mbili na nusu, kesi itakula kuliko ulichokatwa. Mimi yalinikuta Njombe. Nilimwandikia mkuu wa taasisi, nikaambatanisha nakala ya leseni ya mwenye machimbo na stakabadhi yake ya mrabaha. Wakarekebisha kwenye cheti kilichofuata, na kazi nimepewa tena. Hiyo EFD yako inaonyesha umenunua tu, haionyeshi mrabaha umelipwa. Mfuate mwenye kresha akupe stakabadhi. Akianza kukwepakwepa, ujue hakulipa.

Daraja la Saba
Asanteni sana. Mkataba nimeupitia, kipengele hicho hakipo. Mwenye kresha kasema nipite Jumatatu. Moramu tulichimba wenyewe, serikali ya kijiji ilitupa kibali, tena kwa muhuri.

Wakili Mpole
Muhuri wa kijiji si leseni ya madini, mkuu. Kwa moramu wewe ndiye mchimbaji, usibishane nao hapo. Chukua kiasi chake kwenye BOQ (orodha ya kazi na bei zake), piga 3% ya thamani ya moramu peke yake, andika kwamba hiyo unaikubali, kisha dai kilichobaki.