Mjadala: Mwanamieleka akivunjika mgongo kazini, nani abebe gharama? Mkasa wa Dynamite Kid

Mwanzisha mada:

Wakuu, salaam.

Kila anapofariki mwanamieleka mkongwe akiwa hoi na hana kitu, sisi mashabiki hugawanyika. Kuna wanaosema alijitakia, alilipwa, dawa alimeza mwenyewe. Kuna wanaosema kampuni ilimtumia ikamtupa. Mimi niko na hawa wa pili, na nitajenga hoja yangu juu ya mtu mmoja: Thomas Billington, Dynamite Kid, nusu ya timu ya British Bulldogs. Nimemchagua yeye kwa sababu katika maisha yake kuna usiku mmoja ambao kwangu unajibu swali la nani alijua nini.

Kwa vijana ambao hawakumkuta: alizaliwa 5 Desemba 1958 Golborne, mji mdogo wa makaa ya mawe huko Lancashire, Uingereza. Alianza mieleka ya kulipwa 1975, bado kijana mdogo, na 1978 akavuka kwenda Calgary, Kanada, kwa promota mzee Stu Hart. Umbo lake lilikuwa dogo kwa kazi ile. Alichokosa kwa ukubwa alikilipia kwa kasi na kwa kutojihurumia hata kidogo: alipanda kamba ya juu na kujirusha kichwa kikitangulia, usiku baada ya usiku. Aprili 1981 alikutana na Tiger Mask, yaani Satoru Sayama, mjini Tokyo, na mapambano yao yaliyofuata yaliwafungulia njia wanamieleka wadogo wa umbo duniani kote. Atakayebisha hilo atafute mikanda ya video aitazame, haijachuja.

Kisha akaungana na binamu yake, Davey Boy Smith, mzaliwa wa Golborne pia. Davey alikuwa misuli, Dynamite alikuwa ufundi. Tarehe 7 Aprili 1986, katika onyesho kubwa la WrestleMania 2, karibu na Chicago, walitwaa mikanda ya timu za wawili ya WWF, kampuni ya Marekani ambayo leo inaitwa WWE, kutoka kwa Greg Valentine na Brutus Beefcake.

Miezi minane baadaye, tarehe 13 Desemba 1986, Hamilton, Ontario, mgongo wa Dynamite ukakatika katikati ya pambano. Diski mbili za uti wa mgongo ziliharibika. Akapasuliwa.

Sasa sikilizeni. Mikanda ilikuwa mikononi mwa mtu asiyeweza kusimama, na kampuni ilitaka ihamie kwa wengine mbele ya kamera. Tarehe 26 Januari 1987, Tampa, Florida, wiki sita tu tangu Hamilton, Dynamite aliletwa. Alielekea ulingoni akiwa amemshikilia Davey ili asianguke. Pambano halijashika kasi, Jimmy Hart, meneja wa wapinzani, akampiga kwa kipaza sauti chake cha mkononi. Dynamite akalala, na hakuinuka tena. Davey akapambana peke yake na Bret Hart na Jim Neidhart mpaka mikanda ikaondoka. Watazamaji nyumbani waliona hila ya wapinzani na refa anayefumba macho.

Mieleka hii matokeo yake hupangwa. Aliyepanga kile kipigo cha kipaza sauti alikipanga kwa kuwa alijua kwamba mtu huyu hawezi kubebwa, hawezi kuinama, hawezi kukimbia. Jeraha liliwekwa ndani ya mchezo wenyewe. Huwezi kupanga pambano zima kulizunguka jeraha la mtu, halafu miaka ikipita useme mgongo wake ulikuwa shauri lake.

Na mieleka ya wawili wawili ndiyo inayoficha mambo haya kuliko aina nyingine yoyote. Bondia akivunjika mbavu, pambano huahirishwa, maana hakuna wa kumsimamia. Katika timu, mgonjwa anasimama nje kashika kamba, mwenzake anabeba kazi yote, kisha wanagusana mikono, mgonjwa anaingia, anafanya mapigo mawili yanayopendwa na ukumbi, anatoka. Watu wanashangilia, hakuna aliyegundua. Mgonjwa akikataa kuja, mwenzake naye hana pambano, na enzi zile bila pambano hakuna malipo. Kwa hiyo shinikizo halitoki kwa bosi tu. Linatoka kwa binamu yako unayegawana naye chumba cha hoteli, ambaye naye ana mke na mtoto.

Dynamite hakupumzika inavyotakiwa. Aliondoka WWF 1988, akarudi Japani, akastaafu Desemba 1991 akiwa ndiyo kwanza ametimiza miaka 33. Mwaka 1996 alipanda ulingoni mara moja tena, na mwaka uliofuata alikuwa kwenye kiti cha magurudumu. Humo ndimo alimobaki mpaka alipofariki 5 Desemba 2018, siku aliyotimiza miaka 60.

Jambo jingine. Kuelekea ile WrestleMania 2 walikotwaa mikanda, mwanamieleka Jesse Ventura aliwashawishi wenzake waanzishe chama cha wafanyakazi. Habari zikamfikia mwenye kampuni, Vince McMahon, na chama kikafia palepale. Miaka baadaye, katika kesi ya Ventura ya madai ya malipo yake, McMahon mwenyewe alieleza chini ya kiapo kwamba aliyempelekea habari ni Hulk Hogan, nyota mkubwa wa kampuni. Kama chama kile kingekuwepo, nani angethubutu kumwita Dynamite aje Tampa?

Karibuni. Nani abebe gharama?

Mchangiaji wa kwanza:

Mkuu, umeandika kwa uchungu, lakini umechagua mfano mgumu kuutetea.

Dynamite alisimulia mwenyewe katika kitabu cha maisha yake kuhusu sindano za kujaza misuli na dawa za maumivu. Hakulazimishwa. Hata hiyo Tampa unayoitegemea: kwa simulizi yake mwenyewe, kampuni ilitaka mikanda iende kwa Iron Sheik na Nikolai Volkoff, naye akakataa, akasema ataiachia timu ya Bret Hart na Neidhart tu. Mtu anayechagua nani amshinde si mtumwa. Alikwenda kwa hiari yake, na kiburi kilimsukuma.

Halafu hesabu ya mwili wake unaifanyaje? Kumbi za Uingereza tangu ujana, Calgary, WWF, na kampuni za Japani, New Japan na All Japan. Kila mahali alijirusha. Unaipelekea kampuni moja bili ya mapromota wote hao kwa haki gani? Kwa kuwa ndiyo iliyobaki na pesa?

Mchangiaji wa pili:

Kaka zangu, mimi nasema kidogo tu. Aliyekuwa mke wake ameeleza hadharani jinsi alivyotishiwa bunduki nyumbani, na hatimaye akamkatia tiketi ya kurudi Uingereza, ya kwenda bila kurudi. Wenzake nao wamesimulia ukatili aliowafanyia kwenye vyumba vya kubadilishia nguo na kuuita utani. Tukijadili gharama, tuanze na walioilipa bila kupanda ulingo hata siku moja. Sijaona mstari hata mmoja juu yao katika mada hii.

Mwanzisha mada:

Dada, hoja yako naipokea yote. Ukatili wake siutetei wala siupunguzi. Na nakubaliana nawe kwamba gharama ilifika nyumbani: mtu mwenye maumivu yasiyokwisha, anayeishi kwa dawa na pombe, akae barabarani karibu mwaka mzima, kisha arudi kwa familia. Hilo halimwondolei hatia. Ila nadhani linaongeza deni la waliomwajiri, haliligawi.

Kwako mkuu wa kwanza. Hiari ipi? Ukiwa umelala hospitalini, kipato chako ni mapambano, mkanda ndio unaokupa mapambano, na unajua usipokwenda kuagana vizuri huenda usiitwe tena. Katika hali hiyo, uhuru wa kuchagua nani akushinde ni uhuru mdogo sana. Kuhusu sindano: 1991 daktari George Zahorian, aliyekuwa daktari wa pembeni ya ulingo huko Pennsylvania, alitiwa hatiani kwa kusambaza dawa hizo, na wanamieleka walikuwa miongoni mwa wateja wake. McMahon alishtakiwa, na 1994 baraza la mahakama likamwona hana hatia, hilo liheshimiwe. Lakini ule mtindo wa kuwapa mikanda na mabango watu wenye miili ya kutisha haukuanzishwa na wanamieleka.

Mchangiaji wa tatu:

Naomba niingie upande wa sheria, kwa sababu humo ndimo jibu linapokwama.

Kwa mkataba, mwanamieleka wa WWE si mwajiriwa. Ni mkandarasi anayejitegemea. Wakati huohuo kampuni inamwambia avae nini, aitwe nani, ashinde lini, afanye kazi na nani, na asifanye kazi kwingine. Ni kama dereva anayepangiwa abiria na nauli na programu ya simu, kisha anaitwa mjasiriamali. Tofauti ni kwamba madereva wa Uber walipofika Mahakama ya Juu ya Uingereza, 2021 walipewa haki kama kima cha chini cha malipo na likizo yenye malipo. Wanamieleka hawajafika huko.

Walijaribu. 2008 mwanamieleka Scott Levy, aliyejulikana ulingoni kama Raven, na wenzake wawili waliishtaki WWE kuhusu hadhi hiyo ya ukandarasi. Kesi ikatupwa kwa sababu ya muda kupita. Baadaye zaidi ya wanamieleka 50, akiwemo Animal wa timu ya Road Warriors, wakashtaki kuhusu majeraha ya ubongo. Jaji akatupa 2018, kwa sehemu kubwa kwa sababu ileile ya muda, na rufaa nayo ikagonga mwamba 2020, mwaka ambao Animal alifariki. Kwa hiyo anayesema mahakama zimeshaamua kwamba hawa si waajiriwa, anakosea. Walioshtaki walichelewa, na swali lenyewe likabaki bila jibu.

Na msisahau 1989. Kampuni ndiyo iliyowaambia wabunge wa jimbo la New Jersey kwamba mieleka yake ni burudani, si mashindano ya kweli, ili iondolewe chini ya tume ya michezo. Ikaepuka kodi, na wanamieleka wakaondokewa na sharti la kupimwa afya kabla ya kupanda. Sawa, ni burudani. Mbona basi waigizaji wa Marekani wana chama na bima, na hawa hawana?

Mchangiaji wa nne:

Tuwe wakweli pia kuhusu yaliyobadilika. Tangu 2006 WWE ina utaratibu wa kupima dawa, ulioanza baada ya kifo cha mwanamieleka wake Eddie Guerrero. Inalipia matibabu ya majeraha ya ulingoni, na tangu 2007 inalipia tiba ya ulevi na dawa hata kwa waliokwisha kuondoka. Si haki kuihukumu ya leo kwa ya 1987.

Na kuna waliofanya vibaya zaidi. Davey Boy aliumia mgongo 1998 akiwa WCW, kampuni iliyoshindana na WWF, alipoangukia mlango wa sakafuni uliofichwa ulingoni kwa ajili ya onyesho la mwanamieleka Ultimate Warrior. Hakuambiwa upo. Akafukuzwa kazi akiwa hospitalini. Miaka sita tu nyuma alikuwa amewainua vitini mashabiki wa uwanja mzima wa Wembley, London. Alikufa 2002 na miaka 39.

Mwanzisha mada:

Mkuu wa nne, ahsante kwa Davey, unazidi kuijenga hoja yangu. Yaliyobadilika nayakubali. Lakini yote uliyoyataja ni hisani: kampuni imeamua kutoa, na kesho inaweza kuamua kuacha. Bima ya kawaida ya afya mwanamieleka bado anajitafutia.

Ile hesabu ya mapromota wengi nimeifikiria. Uingereza wapanda farasi wa mashindano nao hujitegemea, nao huzunguka kwa wenye farasi wengi, na tangu 1964 upo mfuko wa kuwasaidia walioumia na familia zao. Hakuna anayeuliza mtu alianguka kwenye farasi wa nani. Mieleka ina Cauliflower Alley Club, iliyoanzishwa 1965, inayosaidia wakongwe, lakini hiyo ni michango ya wema. Ninachotaka mimi ni asilimia ya tiketi na ya haki za televisheni ikatwe kwa lazima, kila promota, iende kwenye mfuko unaosimamiwa na wanamieleka wenyewe. Hapo mke na watoto waingizwe kwa jina, kama dada alivyodai.

Mchangiaji wa kwanza:

Huo mfuko sina ugomvi nao kwa WWE. Ila promota wa ukumbi wa watu 200, anayelipa wanamieleka nauli na chakula, ukimkata asilimia ataacha kutoa tiketi rasmi. Na ndiko wanakoanzia wote, Dynamite akiwemo. Niambie hapo unamkamata vipi, nitakuunga mkono.