Gari inatikisika, fundi ananiwekea kikombe cha chai juu ya kapo, boneti yenyewe!

Dereva_wa_Mwenga:
Bandugu wa Bukavu, leo salamu baadaye. Damu inachemka. Mnamjua huyu mtu. Simtaji, lakini kila mwenye Land Cruiser kuanzia Nguba mpaka Panzi anamjua: yule fundi wa ovaroli ya bluu isiyoingia doa, ambaye ukimletea ugonjwa wa gari anakujibu kabla hujafunga mlango. Ndiye huyo huyo.

Leo asubuhi ameweka kikombe cha chai juu ya kapo ya gari yangu. Mbele ya watu. Subirini niwaeleze.

Gari ni pikapu ya Land Cruiser 79, dizeli, lame (springi bapa) nyuma, spirali mbele. Inabeba mizigo ya watu kwenda Kamituga, na ile njia wakati wa mvua hakuna asiyeijua, tope linalala mpaka kwenye ponti, ule mhimili wa tairi. Nikamwambia aniinulie sentimita 5 tu. Akainua. Kwa macho gari ilipendeza, watoto wa mtaa waliikimbilia. Lakini nilipofika barabara ya Kavumu, pale mtu anapoweza kukanyaga kidogo, ikagonga kilomita 60 kwa saa ikaanza kuvuma. 70, kiti kinakutwanga mgongo. 80, meno yanagongana, na kwenye kioo cha pembeni fuso moja nyuma yako inaonekana tatu. Mama mmoja alishukia Mudaka amejishika kiuno, anauliza kama bado yuko Kongo.

Nikarudi garaji. Nikasema kwa adabu zote: "Fundi, kuanzia 60 gari inatikisika, nadhani ni kadani." Yaani ule mti wa chuma unaopeleka nguvu ya mota nyuma. Hakulala chini ya gari. Hakuinama hata kuokota bolti. Alimwagizia yule mama wa mandazi chai, akangoja ije, akaweka kikombe juu ya kapo, akawasha mota, gari imesimama, vitesi (gia) haijaingia, akakanyaga mafuta. Chai ikatulia. Akageukia wateja waliojaa kwenye benchi: "Munaona? Motokari haitikisiki. Mwenye kutikisika ni muzee."

Wakacheka. Benchi nzima. Kijana wake wa tairi alicheka mpaka ufunguo ukamponyoka.

Gari IMESIMAMA! Kadani haizunguki gari ikiwa imesimama! Hiyo chai itamwagika kwa sababu gani? Ni kumpima mtu homa kwa kumshika viatu. Na mtu mwenyewe ndiye anaitwa mtaalamu, ndiye tunampa dola 180 za kazi bila vipuri.

Nimetoka pale moja kwa moja mpaka Kadutu kwa kijana mmoja mtulivu. Huyo hakuniuliza kitu. Alitandika gunia, akaingia chini, akapangusa grisi kwenye flanji kwa kitambaa, akabandika simu yenye programu ya kupima mwinamo, akasoma, akaandika kwa chaki juu ya shasi. Bwati ya transfe, ile inayogawa nguvu mbele na nyuma, inainamia nyuma nyuzi 3. Kadani inateremka nyuzi 7. Kwa hiyo kruazio ya mbele, kile kiungo cha msalaba kwenye ncha ya kadani, inajikunja nyuzi 4. Ya nyuma je? Sifuri. Yule bwana wa chai alichomeka kabari za chuma kati ya lame na ponti, akainua pua ya ponti mpaka ikatazamana na kadani moja kwa moja, nayo nyuzi 7. Alidhani kunyooka ndiyo uzima.

Kruazio ikijikunja haipeleki mwendo sawasawa. Katika kila mzunguko inaharakisha mara mbili na kuchelewa mara mbili. Ya nyuma kazi yake ni kuzima ile fujo ya mbele, na haiwezi kuizima kama haijikunji kiasi kile kile. Nne mbele lazima zipate nne nyuma, au tofauti isizidi nyuzi moja. Kuelekeza pua ya ponti kwenye bwati kunafaa kwa kadani zenye kruazio pacha upande wa juu. Yangu ina moja mbele na moja nyuma, mtu yeyote anaiona akiinama. Lakini yeye hakuinama. Aliagiza chai.

Na sifuri yenyewe ni sumu. Ndani ya kruazio mna vijiti vyembamba vinavyotakiwa kubingirika. Pembe ikiwa sifuri vinakaa pale pale vinachimba chuma, na kadani mpya inakufa kabla ya Krismasi.

Kijana anatoa kabari kesho. Mimi nauliza kitu kimoja: mtu mzima, baba wa watoto, analetewa gari mbovu aliyoiharibu mwenyewe, anaagiza chai?

Kamituga_Mwendo_Pole:
Pole sana yaya, kaka yangu. Ule mutu hata mie alinipitia. Mie alininyanyulia mbele tu, usukani ukawa hauna habari na mikono yangu. Gari inaenda inakotaka, nikifika kona za Walungu nasali. Kumbe ukiinua mbele kwenye zile mikono ya ponti, ponti inazunguka, kasta, ule mlalo wa mhimili wa usukani, inapungua, tairi hazirudi tena katikati zenyewe. Nilimuuliza, akajibu: "Shika kwa mikono miwili." Miwili! Nilikuwa nashika kwa mguu?

Bwana_Nguba:
Tuanze na la muhimu. Chai ilikuwa ya maziwa ama kavu?

Petit_wa_Essence:
Ya maziwa. Nilikuwepo. Na ni kweli haikumwagika hahaha

Dereva_wa_Mwenga:
Petit, ulikuwa kwenye benchi? Basi ulicheka na wewe. Uliona gari imesimama au hukuona? Uliona vitesi imeingia? Hakuna aliyelala chini ya gari pale, si yeye si kijana wake, na ninyi mlikuwa mashahidi mkaona sawa.

Bwana_Nguba:
Muzee, sentimita 5 tu na kelele zote hizi. Hizo ni tairi. Nenda ukafanye balansi, ufute huu uzi.

Mekanisie_Asiyelala:
Bwana Nguba, wacha. Mtikisiko wa tairi na wa kadani hauchanganyiki ukijua kusikiliza. Kwenye gari kama hiyo kadani inazunguka kama mara 4 tairi ikizunguka mara moja. Kwa 80 inapita mizunguko 2000 kwa dakika, na pembe zikikosana inatikisa mara mbili kila mzunguko. Ndiyo maana unasikia mvumo wa haraka chini ya kiti, na ukiachia mafuta unabadilika. Tairi mbovu inapiga polepole, ya mbele utaisikia kwenye usukani, na mafuta haiyajali sana.

Yaya Dereva, kijana wako amepima vizuri, lakini mwambie atazame na hili: kadani ilipotolewa, ile sehemu inayoteleza ilirudishwa kwenye meno yake? Uma za pande mbili, zile zinazoshika kruazio, lazima zilale mstari mmoja. Ukikosea jino moja tu, hata pembe zikiwa sawa gari itavuma. Mimi napiga alama mbili za patasi kabla ya kufungua, rangi inafutika na tope. Tena gari ikiinuliwa kadani inavutika, mkipime kipande kilichobaki ndani, kisije kikachomoka kwenye mashimo ya Mwenga. Halafu mabridi ya lame, zile bolti za U zinazoifunga kwenye ponti, mkishayalegeza kutoa kabari, yakazwe upya baada ya kutembea kidogo na mzigo.

Dereva_wa_Mwenga:
Aksante mekanisie. Uma ziko mstari mmoja, tuliziangalia kwa tochi. Kilichobaki ndani kinatosha. Shida ni kabari peke yake. Kabari na dharau. Hebu fikiria wewe ni fundi, mteja anasema inatikisika ikitembea, wewe unaipima ikiwa imesimama, halafu unasema anayetikisika ni yeye. Benchi nzima inacheka!

Mtoto_wa_Bagira:
Muzee umesema benchi mara ngapi sasa. Angekuwekea biskuti ungesamehe?

Kamituga_Mwendo_Pole:
Mwacheni. Mie nakumbuka kingine. Ule ule bwana nilimwachia gari Ijumaa, Jumamosi nikaiona imepaki mbele ya harusi Muhumba, imefungwa maua kwenye kioo. Nikampigia simu. Anasema anaifanyia majaribio ya barabara.

Petit_wa_Essence:
Hiyo ya harusi ni kweli, nilikuwepo pia

Bwana_Nguba:
Wewe petit uko kila mahali, kazi unafanya lini

Mama_Mayai_wa_Kadutu:
Samahani baba zangu, na mimi niseme. Ninyi mnagombana kadani na chai. Kuna hata mmoja amefikiria sisi tunaopanda? Mnainua magari kila mwaka, juu, juu, juu. Mama ana mtoto mgongoni, ana kitenge, ana plato (trei) za mayai kichwani, atapandaje? Juzi nilisukumwa na wanaume wawili nisiowajua kama gunia la mihogo, na dereva anapiga honi kwamba nachelewesha. Mayai yalipofika yalikuwa supu. Mnaita sentimita 5. Kwa goti langu ni ghorofa.

Mekanisie_Asiyelala:
Mama umesema haki. Ngazi ya pembeni ni kipande cha bomba na kuchomelea saa moja. Mimi kila ninayeinua gari yake namwambia aweke. Wanakataa, eti inaharibu sura.

Mtoto_wa_Bagira:
Inaharibu sura kweli lakini

Mama_Mayai_wa_Kadutu:
Sura ya gari ndiyo inakulipa nauli, mwanangu? Mimi ndiye ninalipa.

Kamituga_Mwendo_Pole:
Mama kuhusu mayai pia tatizo ni lame ngumu. Wanaweka lame za mzigo wa tani, halafu gari inatembea tupu na watu sita. Inaruka kila jiwe. Lame inatakiwa ichaguliwe kwa mzigo unaobeba kila siku.

Bwana_Nguba:
Lame, lame. Mnajua kinachoua magari hapa? Mafuta ya kadafi, ya wale wanaouza kwa chupa barabarani. Nilinunua chupa tano pale barabarani, mota ikakohoa mpaka Mudaka. Nilipofungua filta, maji nusu. Mwulizeni mwuzaji, anasema ni mvua imeingia. Mvua imeingiaje kwenye chupa yenye kizibo?

Petit_wa_Essence:
Usiguse makadafi, ni kazi za ndugu zetu

Bwana_Nguba:
Sasa nimejua kazi unayofanya.

Dereva_wa_Mwenga:
Bandugu, kabari zimetoka. 4 mbele, 4 nyuma. Nimetoka barabara ya Kavumu sasa hivi, 80, kimya, hata redio nimeisikia. Nampigia simu yule bwana nimwambie, hashiki. Mekanisie, kijana anasema akishusha kidogo sapoti ya bwati tunaweza kufika 3 na 3, je tuguse au tuache?

Mtoto_wa_Bagira:
Chupa tano ni lita ngapi kwanza? Mimi nilipimiwa chupa iliyobonyezwa chini.

Mekanisie_Asiyelala:
Acheni hivyo yaya, 4 kwa 4 haina neno. Ukishusha sapoti, mwinamo wa bwati unabadilika na kadani ya mbele nayo inaanza kudai haki yake. Wote wanabonyeza chupa, Bagira. Wanaichoma chini kwa maji ya moto inaingia ndani.

Bwana_Nguba:
NDIYO! Hiyo ya maji ya moto nimeiona kwa macho yangu pale Meja Vangu.

Mama_Mayai_wa_Kadutu:
Chupa zenu mtapimiana wenyewe. Mimi nataka plato zangu mbili. Dereva wa juzi yuko humu anasoma, pleti ya gari ninayo, na kesho sokoni nitaisoma kwa sauti.